Kuishi kwa Sura na Sauti: Mwongozo Kamili wa Mwigizaji wa Filamu na Tamthilia

Waigizaji ninaowajua wanaolipa kodi ya nyumba kwa uigizaji pekee, bila kibanda cha nguo pembeni wala bodaboda ya mkataba, wengi wao hupanda daladala na asitokee hata mmoja wa kuwageukia. Mpaka mmoja wao afungue kinywa kumuuliza konda nauli. Hapo mama wa kiti cha mbele anageuka: "Wewe si yule mama mkwe wa tamthilia ya usiku?" Uso wake haujaonekana popote. Sauti yake ndiyo inayoingia sebuleni siku tano za wiki.

Nasema hivi mapema kwa sababu vijana wanaoniuliza njia ya kuingia kwenye filamu huuliza habari za kamera tu. Mimi nawashauri waanze na sauti, wajifunze kamera wakiwa tayari wanakula, kisha waendeshe zote mbili. Filamu huja na kuondoka. Unaweza kushuti siku kumi na mbili halafu ukakaa nyumbani miezi mitano. Sauti ina kazi ndogondogo zisizokatika. Wala si jambo jipya kwetu. Kabla runinga haijaanza Tanzania Bara mwaka 1994, Mzee Jangala alijulikana nchi nzima kwa redio tu, na Mkwaju, yule dereva wa lori wa Twende na Wakati iliyoanza 1993, alisengenywa mitaani kama jirani wa kweli.

Hatua ya 1: Jua nani ananunua sauti

Kazi kubwa kwa sasa ni tamthilia za nje zinazoingizwa sauti za Kiswahili. TBC ilipoonyesha ile ya Kichina ya Doudou na mama wakwe zake mwaka 2011, mlango ulifunguka. StarTimes wakaendelea na za Kichina, Azam TV wakaleta za Kituruki. Kipindi kimoja cha Kituruki kwao huenda zaidi ya saa mbili. Kikifika kwetu hukatwa vipande vya dakika arobaini na kitu, kwa hiyo ukipata mhusika mmoja wa maana umepata kazi ya miezi.

Baada ya hizo kuna katuni za watoto, ambazo zina watayarishaji wa hapahapa: Ubongo Kids imetengenezwa Dar es Salaam tangu 2014. Kuna michezo ya redio ya mashirika ya afya na kilimo. Kuna matangazo ya biashara, yanayolipa vizuri kuliko vyote kwa dakika moja ya kazi. Na kuna yule dada wa "kwa Kiswahili, bonyeza moja". Usimcheke. Kila benki na kila kampuni ya simu inamhitaji, na ikibadilisha huduma inamwita tena, maana haiwezi kuweka sauti mbili tofauti kwenye mfumo mmoja.

Aliyekulia kwenye mabanda ya video anamkumbuka Lufufu. Wakenya wana DJ Afro. Ule ni usimulizi: mtu mmoja, wahusika wote, na utani wake juu. Niliupenda na bado naupenda, lakini ukienda nao studio utarudishwa. Pale unatakiwa kuwa mtu mmoja tu, na wewe mwenyewe usisikike.

Hatua ya 2: Ulimi kwanza

Jirekodi kwa simu ukisoma habari ya gazeti dakika tano, kisha usikilize ukiwa na kalamu mkononi. Tafuta mambo matatu.

La kwanza ni herufi zinazopotea. Anayesema "samani" akimaanisha "thamani" amegeuza mali kuwa viti na meza. "Dhahabu" ikiwa "zahabu", "ghali" ikiwa "gali", mtafsiri wa studio atasikia hata kama wewe husikii. Watu wa pwani hawana shida na dh, th na gh. Wengi wetu wa bara tuna shida nazo. Hali kadhalika r na l. Dawa ni kusoma kwa sauti dakika ishirini kila asubuhi, polepole, na kurudia neno lililokushinda mpaka ulimi ulikubali. Mimi ilinichukua karibu mwaka mzima.

La pili ni mkazo. Karibu maneno yote ya Kiswahili hukazwa silabi ya pili kutoka mwisho, na ndiyo maana yale machache yanayokwepa humnasa msomaji. "Barabara" ya magari hukazwa kwenye silabi ya tatu, ba. "Barabara" ya kusema jambo limekaa sawasawa hukazwa kwenye silabi ya pili, ra. Herufi ni zilezile, skripti haitakuambia. Soma sentensi nzima kabla ya kufungua kinywa.

La tatu ni pumzi. Weka mkwaju mmoja wa penseli (/) pa kuvuta pumzi fupi na miwili (//) pa kutua kabisa. Sentensi zetu ni ndefu, na msomaji asiyepanga pumzi huishia kumeza kitenzi, ambacho ndicho chenye habari.

Usiifiche lafudhi yako moja kwa moja. Jifunze Kiswahili sanifu kisicho na kijiji, maana ndicho kinachotakiwa kwenye tamthilia nyingi, lakini ile ya Kimvita, ya Kisukuma, ya Kihaya au ya Kigoma uliyozaliwa nayo ihifadhi vizuri. Siku moja watamtaka babu wa kisiwani au mchuuzi wa Mwanza, na atakayeiga atasikika anaiga.

Hatua ya 3: Kabati la nguo ni studio

Huhitaji kujenga chumba. Adui wako ni mwangwi, na mwangwi huuawa na vitu laini. Fungua kabati lililojaa nguo, weka maiki ukitazamana nazo, tundika blanketi zito nyuma ya mgongo wako na kanyaga zulia. Godoro lililosimamishwa ukutani linafanya kazi kuliko yale masponji membamba yenye miinuko yanayouzwa madukani. Masponji hayo hupunguza mwangwi wa juu tu, na kelele ya jirani hayaizuii hata kidogo.

Kelele ya jirani huzuiwa na saa. Rekodi kati ya saa nne usiku na saa kumi alfajiri, kabla ya adhana na majogoo. Zima feni, zima friji (tundika ufunguo wa nyumba kwenye swichi yake, usije ukasahau nyama ikaoza), weka simu mbali. Mvua ya masika juu ya bati haina dawa. Siku hiyo lala.

Maiki zipo za aina mbili zinazokuhusu. Ya kondensa hunasa kila kitu, pamoja na mbu. Inafaa chumba kikiwa kimetulia kweli. Ya dainamiki hunasa kilicho karibu na kuacha kilicho mbali, na kwa nyumba za kupanga za uswahilini ndiyo ninayoipendekeza. Kaa umbali wa shibiri moja, mdomo ukielekea pembeni kidogo ya maiki, ili pumzi ya p na b isiigonge. Soksi safi ya nailoni iliyovutwa juu ya waya wa duara inatosha kuwa kichujio.

Programu ya Audacity ni ya bure na inatosha miaka ya mwanzo. Rekodi kwa kilohezi 48 na biti 24, mkondo mmoja (mono), kilele kisizidi desibeli -6 wakati wa kurekodi. Kisha rekodi ukimya wa chumba chako sekunde kumi, ukitazama kipimo: kikikaa chini ya desibeli -60 chumba chako ni cha kazi. Kikikaa juu ya hapo, ongeza mablanketi kabla ya kununua maiki ya bei mbaya. Faili ya kazi hutumwa kwa WAV. MP3 ni ya usaili tu.

Hatua ya 4: Demo

Dakika moja, isizidi. Vipande vitatu au vinne vya sekunde kumi na tano: tangazo moja, usimulizi mtulivu, wahusika wawili wanaopishana kabisa. Kipande bora kiwe cha kwanza, kwa sababu wengi hawafiki cha pili. Usirekodi tangazo la kampuni ya kweli ukajifanya ulilifanya wewe. Dunia hii ni ndogo, na aliyelifanya huenda ndiye anayekusikiliza. Faili ibebe jina lako na neno "demo", si "sauti_mpya_final_2".

Hatua ya 5: Kuingiza sauti kwenye midomo ya mtu mwingine

Hapa ndipo kazi ilipo, na hapa ndipo waigizaji wazuri wa jukwaani huanguka. Unaingia kibandani, hedifoni masikioni, unasikia sauti ya asili, mbele yako kuna picha na skripti yenye saa za kila mstari. Kipande kinachezwa mara moja ukitazama, mara ya pili unatamka, na wakati mwingine hakuna ya tatu, kwa sababu studio inataka kumaliza vipindi vingi kwa siku. Ukitazama skripti muda wote, umeachwa. Tazama kifua cha mwigizaji wa kwenye picha. Anapovuta pumzi, vuta. Mtu huanza kusema kwa pumzi, si kwa mdomo.

Halafu kuna midomo yenyewe. Watazamaji wetu hawajui Kituruki, lakini macho yao yanajua midomo ilipofungwa. Sauti zinazofunga midomo ni m, b na p. F na v hugusa meno. Mwigizaji wa Kiingereza akisema "maybe", mdomo huanza umefungwa. "Labda" huanza umefunguliwa, mtazamaji anahisi kitu hakijakaa. "Pengine" huanza umefungwa na kuishia karibu palepale ulipoishia. Maana ileile, midomo imetulia.

Tatizo letu kubwa ni kwamba maneno yetu karibu yote huishia kwa irabu, mdomo wazi, wakati Waturuki wana mengi yanayofunga. Neno lao la "sawa" ni "tamam", na hulisema kila baada ya sentensi mbili. "Sawa" huacha mdomo wazi juu ya mdomo uliofungwa. Lakini tuna "naam". Inaishia na m kama yao, ina a zao, na panapohusu kuitikia ni Kiswahili safi kabisa. Siku nilipoigundua nilikuwa nimeshaharibu vipindi visivyopungua kumi.

Urefu nao. Mturuki akisema "seni seviyorum" ametumia silabi sita. "Nakupenda" ni nne, na mdomo wake utaendelea kucheza wewe umeshanyamaza. "Mimi nakupenda" ni sita. Mara nyingi zaidi ni kinyume, sisi ndio warefu: "sorry" ina silabi mbili, "samahani" nne. Kishawishi ni kusema "pole", nayo ina mbili. Usifanye hivyo. Aliyemkanyaga mwenzake haombi radhi kwa kusema pole. Anampa pole aliyekanyagwa na mtu mwingine. Nimeyasikia makosa haya hewani, na kila mara mzee wangu nyumbani huguna. Sema "samahani" haraka, anza nusu sekunde mapema, au muombe mtafsiri aigeuze sentensi. Mtafsiri ni rafiki yako. Mheshimu, mwendee na pendekezo lililokamilika, usimwendee na lawama.

Usisahau sauti zisizo na maneno: kuhema, kuguna, kutafuna, kwikwi za kilio, pigo la tumboni. Huandikwa kwenye skripti kwa mabano au haziandikwi kabisa, na mhusika asiyehema anaonekana maiti. Mayowe na ugomvi ombeni virekodiwe mwisho wa zamu. Ukipiga mayowe saa tatu asubuhi, saa sita huna sauti ya kunong'ona.

Kuhusu kutunza koo watu wana dawa nyingi, tangawizi, asali, mayai mabichi. Maji ya kawaida ya kutosha, usingizi na kunyamaza siku moja kwa wiki vimenisaidia kuliko vyote. Sauti ikikwaruza zaidi ya wiki tatu, nenda kwa daktari wa masikio, pua na koo, usiende kwa mama muuza vitunguu saumu.

Hatua ya 6: Mbele ya kamera

Ukishapata sikio la sauti, kamera inakuwa rahisi kidogo, kwa kuwa umejifunza kusema kwa kipimo. Wanaotoka jukwaani, wakiwemo wahitimu wa TaSUBa pale Bagamoyo ambao wamefundwa vizuri, huambiwa neno moja siku ya kwanza: punguza. Kamera iliyo karibu na uso wako inaona wazo likipita. Nyusi ikipanda kidogo inatosha pale ambapo jukwaani ungenyanyua mkono mzima.

Usaili wa siku hizi hutumwa kwa video. Simama mbele ya ukuta mtupu wa rangi iliyotulia, dirisha likiwa mbele yako na si nyuma. Simu ilale, iwe usawa wa macho, ikuonyeshe kuanzia kifuani. Msomaji wa upande wa pili akae karibu sana na simu, na asome kwa sauti ya chini kuliko yako. Mtazame yeye, si lenzi. Taja jina, urefu na mji unaokaa, kisha tuma njia mbili tofauti za kuucheza mstari uleule.

Kwenye lokesheni mambo hayaendi kwa mpangilio wa hadithi. Utalia msibani asubuhi kwa mtu utakayemchumbia mchana. Kwa hiyo andika kwenye skripti yako, pembeni mwa kila sini, mhusika ametoka wapi na anajua nini kufikia hapo. Na kumbuka mikono: ulishika kikombe kwa mkono gani, ulikunywa ukisema neno gani. Picha ya mbali ikichukuliwa umeshika kwa kulia na ya karibu umeshika kwa kushoto, mhariri atatupa ile uliyocheza vizuri zaidi. Ukiwekewa alama ya gundi sakafuni, simama hapo bila kuitazama. Hesabu hatua kabla.

Kingine ni kusubiri. Siku ya saa kumi na mbili unaweza kuigiza dakika arobaini. Beba kitabu, beba maji, usigombane na mtu wa chakula.

Sasa habari chungu. Usaili wa kweli haulipiwi. Mtu akikutaka hela ya fomu, ya picha au ya "kushikiliwa nafasi", ondoka. Usaili haufanyiki chumba cha hoteli usiku. Anayekutaka mwili ili akupe nafasi anafanya kosa la jinai: Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya 2007 inaitaja rushwa ya ngono katika kifungu cha 25, na TAKUKURU, taasisi ya kupambana na rushwa ya Tanzania, hupokea taarifa bure kwa namba 113. Weka jumbe zote, usifute kwa hasira.

Hatua ya 7: Karatasi

Mwaka wangu wa pili nilisaini ukurasa mmoja wa tangazo la bidhaa ya nyumbani. Uliandikwa "haki zote". Nililipwa siku hiyohiyo, nikafurahi, nikanunua kitanda. Tangazo lilichezwa miaka minne, redioni na kwenye maduka, na mshindani wao alipotaka sauti yangu hakunichukua kwa sababu ilishakuwa ya wenzake. Kile kitanda ndicho ninacholalia hadi leo.

Kwa hiyo usiuze sauti, kodisha. Mkataba wa tangazo useme mambo manne: litachezwa wapi (redio, runinga, mitandao), nchi gani, kwa muda gani, na baada ya muda huo kurefusha ni kiasi gani. Bei ya kurekodi ni moja, bei ya matumizi ni nyingine. Mteja akisema bajeti ndogo, usishushe bei; punguza muda. Miezi mitatu badala ya mwaka, redio tu bila runinga.

Kwa tamthilia, uliza unalipwa kwa kipindi, kwa siku au kwa mhusika, na kama kurudia kwa kosa la mtafsiri kunalipwa. Kwa filamu, nusu ya malipo kabla ya kamera kuwaka, na chakula, usafiri na malazi yaandikwe. Ukisikia "tutakulipa filamu ikiuzwa", basi umeombwa kuwekeza, na mwekezaji huonyeshwa hesabu.

Kipengele kipya ambacho hakiachwi tena ni cha akili mnemba. Waigizaji wa Marekani waligoma siku 118 mwaka 2023, na mojawapo ya hoja zao kubwa ilikuwa sura na sauti kunakiliwa na mashine. Andika waziwazi: "Rekodi hii isitumike kufundisha akili mnemba wala kutengeneza sauti au sura ya bandia bila mkataba mwingine wa maandishi na malipo yake." Mteja mwaminifu atakubali. Anayekataa amekwisha kukuonyesha alichokitaka. Chunga zaidi kazi za "soma sentensi elfu tano zisizohusiana" kwa bei ya kutupa. Hiyo ndiyo malighafi yenyewe.

Tanzania Bara haki za waonyeshaji, yaani sisi tunaoigiza, zimo kwenye Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999, inayosimamiwa na COSOTA. Zanzibar wana COSOZA. Kenya nako kuna chama cha haki za waonyeshaji. Chukua namba ya mlipakodi TRA, au KRA kama uko Kenya, maana kampuni kubwa haikulipi bila hiyo. Ukikuta asilimia 5 imekatwa kwenye malipo yako ni kodi ya zuio; dai cheti chake, utakitumia kwenye ritani ya mwisho wa mwaka.

Daftari langu la ankara lina safu tano: tarehe, mteja, kiasi, siku ya kuahidiwa, siku ya kulipwa. Kila Jumatatu naangalia safu ya nne. Siku saba zikipita natuma ujumbe mfupi wa heshima wenye namba ya ankara. Siku thelathini zikipita napiga simu, na hapo natumia sauti ileile ya mama mkwe.